Shujaa Aliyeumbwa Mara Mbili

Watu wengi huenda kutazama filamu ya pili kwa sababu waliipenda ya kwanza. Hutaka kukutana tena na mtu waliyemzoea, kama vile mtu atakavyo kumwona tena rafiki aliyesafiri. Lakini yafaa ujue, msomaji, kwamba anayerudi si lazima awe yule yule aliyeondoka. Huenda ana jina lile lile, sura ile ile na sauti ile ile, na hata hivyo roho yake imebadilishwa. Insha hii inahusu mtu mmoja wa namna hiyo katika sinema za Marekani. Jina lake ni John Rambo. Alitokea mara ya kwanza mwaka 1982 katika filamu iitwayo First Blood, akarudi mwaka 1985 katika filamu iitwayo Rambo: First Blood Part II. Katika miaka hiyo mitatu mtu wa kwanza alitoweka bila ya kuzikwa, na mwingine akalivaa jina lake.

Nataka tuzitazame filamu hizi mbili pamoja, tuone ni nini kilichoongezwa, ni nini kilichopunguzwa, na badiliko hilo liliitendea nini sanaa ya sinema. Sikutaki uichukie filamu ya pili. Nakutaka uione vyema, maana kuona ni kazi ngumu kuliko kupenda au kuchukia.

Asili ya Rambo ni riwaya ya David Morrell, mwandishi aliyezaliwa Kanada. Riwaya hiyo ilichapishwa mwaka 1972, wakati Marekani ilipokuwa bado imo vitani Vietnam. Vita vile vilikuwa virefu na vichungu. Majeshi ya Marekani yaliondoka mwaka 1973, na mwaka 1975 mji wa Saigon ukatwaliwa na majeshi ya kaskazini. Wamarekani zaidi ya 58,000 walikufa, na Wavietnam waliokufa walizidi milioni moja. Askari wengi wa Marekani waliorudi nyumbani hawakupokewa kwa ngoma wala vigelegele. Walikuta taifa lililochoshwa na vita, lisilopenda kukumbushwa habari zake.

Filamu ya kwanza, iliyoongozwa na Ted Kotcheff, inaanzia hapo. Rambo, aliyekuwa askari wa kikosi maalumu, anatembea kwa miguu kumtafuta rafiki aliyepigana pamoja naye. Anaambiwa kwamba rafiki huyo amekwisha kufa kwa saratani, na kwamba ugonjwa huo ulitokana na sumu iliyomwagwa misituni wakati wa vita. Anaendelea na safari mpaka mji mdogo uitwao Hope, yaani Tumaini. Hapo anakutana na mkuu wa polisi, Teasle. Bwana huyu hamwoni mtu. Anaona nywele ndefu na koti la jeshi, akamfukuza mjini mwake. Rambo anageuka na kurudi. Anakamatwa, anadhalilishwa kituoni, na wembe unapoletwa karibu na uso wake anakumbuka mateso aliyoyapata alipokuwa mateka. Hapo anawapiga walinzi wake na kukimbilia msituni.

Tazama sasa ushujaa wa mtu huyu ulivyo. Anasikia baridi. Ana njaa. Anajishona jeraha la mkono kwa sindano yake mwenyewe, na uso wake unaonyesha maumivu. Anao uwezo wa kuwaua polisi wanaomwinda, lakini anawajeruhi na kuwaacha hai. Tunamwona mtu mmoja tu akifa katika msako ule, naye ni polisi aliyekuwa akimlenga kwa bunduki kutoka katika helikopta, akaanguka. Kifo hicho kimoja kinatosha kuitia hofu filamu nzima. Mtazamaji anakiona, anakihesabu, na anajua kwamba baada yake hapana njia rahisi ya kurudi nyuma.

Mwisho wa filamu hiyo ni kilio. Rambo amezungukwa, silaha i mkononi, na mbele yake yuko Kanali Trautman, mkuu wake wa zamani. Badala ya kupigana, anaanguka chini na kulia. Anasimulia jinsi rafiki yake alivyouawa mjini Saigon na bomu lililotiwa ndani ya sanduku la mpiga viatu rangi. Anasema kwamba vitani alikabidhiwa vyombo vya thamani ya fedha nyingi mno, na nyumbani hawezi hata kupata kazi ya kuegesha magari. Sylvester Stallone, aliyeigiza nafasi hiyo na kushiriki kuiandika, anayasema maneno hayo kwa sauti inayokatika-katika, mengine yasisikike vizuri. Ni kosa kudhani kwamba huo ni upungufu wa uigizaji. Mtu aliyenyamaza miaka mingi hawezi kuanza kusema kwa ufasaha.

Hapa yafaa nikueleze jambo moja la historia, kwa kuwa yote yaliyofuata yametokana nalo. Katika riwaya ya Morrell, Rambo anakufa. Hata waliotengeneza filamu walipiga picha za mwisho ambamo anakufa mbele ya Trautman. Lakini ilipoonyeshwa kwa majaribio, watazamaji hawakuridhika na kifo hicho, na mwisho mwingine ukawekwa ambamo shujaa anatoka hai na kukamatwa. Uamuzi huo ulikuwa wa huruma, na pia ulikuwa wa biashara. Aliyekufa hawezi kurudi. Aliye hai anaweza kuitwa tena. Mlango wa filamu ya pili ulifunguliwa na machozi ya watazamaji wa ile ya kwanza.

Filamu ya pili iliongozwa na George P. Cosmatos, na waandishi wa mchezo walikuwa Stallone mwenyewe na James Cameron. Tunamkuta Rambo gerezani akivunja mawe. Trautman anamletea ahadi: akikubali kwenda Vietnam kwa siri kutafuta kama kuna mateka wa Kimarekani waliobaki, huenda akasamehewa. Rambo anauliza swali moja, kama safari hii wataruhusiwa kushinda. Swali hilo ni fupi, na mtazamaji asiyeangalia analipita. Lakini ndani yake mna fundisho zima la filamu, kwamba vita vile havikushindwa na askari, bali askari walizuiwa kushinda na wakubwa wao. Kabla hata ya risasi ya kwanza kulia, historia imekwisha kuandikwa upya.

Kazi anayopewa Rambo si ya kupigana. Mkuu wa msafara, mtu wa ofisini aitwaye Murdock, anamwamuru apige picha tu, arudi. Basi Rambo anaruka kutoka katika ndege usiku, kamba zinamkwama, naye analazimika kuvikata vyombo vyake ili asife. Kamera inapotea. Anatua msituni na visu vyake, upinde na mishale. Tafakari jambo hili, msomaji. Mtu alitumwa kuwa shahidi, na chombo cha ushahidi kikamponyoka mwanzoni mwa safari. Filamu haikisikitikii hata kidogo. Tangu hapo hapana anayetakiwa kushuhudia lolote; anatakiwa kushinda.

Naye anashinda. Mateka anawaona, Murdock anamwacha makusudi mikononi mwa maadui, Warusi wanamtesa kwa umeme, anatoroka, na baada ya hapo nguvu zake hazina kipimo. Anajipaka matope na kutokea ukutani kama kwamba udongo wenyewe umepata macho. Mishale yake ina baruti vichwani. Anateka helikopta na kuwarudisha mateka kambini. Maadui wanaanguka makumi kwa makumi, na hapana hata mmoja anayepewa nafasi ya kuwa na mama, deni, au barua mfukoni. Kifo kimoja cha filamu ya kwanza kilikuwa na uzito. Vifo vingi vya filamu ya pili vina kelele.

Mwili wa shujaa nao umebadilika. Rambo wa kwanza alijifunika gunia lililooza apate joto. Rambo wa pili yu kifua wazi, misuli imejengeka, jasho linang'aa, na kitambaa chekundu kimefungwa kichwani. Jeraha lililokuwa ndani sasa limehamishiwa nje, na likiwa nje ni pambo. Mateso ya filamu ya kwanza yalituambia kwamba mtu huyu amevunjika. Mateso ya filamu ya pili yanatuambia kwamba mtu huyu havunjiki. Maana hizi mbili ni adui, ingawa zinakaa katika jina moja.

Liko jambo lingine linalostahili kutazamwa. Katika filamu nzima yuko Mvietnam mmoja mwenye jina na utu, msichana Co Bao, aliyeigizwa na Julia Nickson. Anamwongoza Rambo, anamwokoa, anampenda, na mara baada ya kumbusu anauawa. Nchi ile ilifukiwa na mabomu miaka mingi, na hapa watu wake wana kazi mbili tu: kuuawa na shujaa, au kufa kwa ajili yake. Wazee wetu husema kwamba wapiganapo tembo, nyasi ndizo ziumiazo. Filamu hii inamlilia tembo mmoja aliyechubuliwa, na nyasi haizioni.

Na habari ya mateka je? Familia nyingi za Marekani zilikuwa na huzuni ya kweli, maana askari zaidi ya 2,000 hawakujulikana walipo baada ya vita. Huzuni hiyo haifai kuchekwa. Lakini kamati maalumu ya baraza la Senate la Marekani, iliyofanya kazi tangu mwaka 1991 hadi 1993, haikupata ushahidi wa kutosha kuonyesha kwamba alikuwako Mmarekani yeyote aliyebaki hai kifungoni katika nchi zile. Filamu ilichukua jeraha la watu waliokuwa wakingojea barua, ikalifunga kwa ndoto. Ndoto hutuliza kwa usiku mmoja. Asubuhi mtu huamka na msiba wake ule ule.

Baada ya kusema hayo, haki yataka tuyataje mazuri yake, maana mwamuzi asiyesikia upande wa pili si mwamuzi. Filamu hii imetengenezwa kwa ustadi. Mpiga picha wake, Jack Cardiff, alikuwa bingwa wa mwanga na rangi aliyesifika tangu miaka ya 1940, na misitu ya Mexico, mahali ilipopigwa, inapendeza macho kwelikweli. Muziki wa Jerry Goldsmith unapanda na kushuka pamoja na moyo wa mtazamaji. Hadithi yake haina mafundo. Kila wakati unajua nani yuko wapi, anataka nini, na hatari inatoka upande gani. Uwazi wa namna hiyo si kitu chepesi. Wengi walioiiga filamu hii waliichukua bunduki wakauacha uwazi.

Tena, chini ya kelele zile pana lalamiko la haki. Adui mbaya kuliko wote katika filamu ni Murdock, mtu asiyetoka jasho, anayewatupa wenziwe kwa sababu kuokolewa kwao kutamletea usumbufu. Mwishoni Rambo anaipiga risasi mitambo ya ofisi yake, lakini mwenyewe anamwachia uhai. Kisha anamwambia Trautman kwamba wanachotaka askari ni nchi yao iwapende kama wao walivyoipenda. Hapo kwa dakika moja yule Rambo wa kwanza anachungulia dirishani. Kisha anageuka, anakwenda zake peke yake, na dirisha linafungwa.

Sasa tuangalie filamu hii ilivyoigeuza sinema. Biashara ya filamu za kishindo ilikuwa imekwisha kuanza kabla yake; Jaws ya mwaka 1975 na Star Wars ya mwaka 1977 ndizo zilizofungua njia. Lakini mwezi wa Mei 1985 filamu ya Rambo iliingizwa kwa mara moja katika majumba ya sinema zaidi ya 2,000 nchini Marekani, jambo lililokuwa geni siku zile. Ilipata huko dola milioni 150 hivi, na duniani kote karibu milioni 300, mara nyingi zaidi ya zile ilizogharimu. Wenye mali wakajifunza somo: ukitaka faida, chukua jina ambalo watu wamekwisha kulijua, punguza maneno, ongeza moto, na umfanye shujaa atambulikane kwa kivuli chake tu. Maneno yahitaji kutafsiriwa. Mlipuko hauhitaji mkalimani. Filamu ya namna hiyo huuzika Chicago, Manila na Nairobi kwa bei ya utengenezaji mmoja.

Mwaka 1986 ukafuata mfululizo wa katuni za televisheni, vipindi 65, uliotengenezwa kwa ajili ya watoto, pamoja na vikaragosi vya kuchezea. Hebu liweke jambo hili mbele yako ulipime. Askari aliyeingia katika sinema akilia kwa sababu vita vimemharibu alikuwa, miaka minne baadaye, kitu cha kuchezea cha mtoto. Hata Rais Ronald Reagan alilitaja jina lake kwa mzaha mwaka 1985, mateka wa Kimarekani waliposhikwa Lebanon, akisema kwamba ameitazama filamu hiyo na sasa anajua la kufanya siku nyingine. Rambo alikuwa amekoma kuwa mtu. Alikuwa amekuwa neno.

Na neno hilo likasafiri. Lilifika hata kwetu Afrika Mashariki, kwenye vibanda vya video ambako vijana walibanana mbele ya televisheni moja. Nchini Tanzania mfuko wa plastiki wa dukani uliitwa rambo, na watu wakalitumia jina hilo miaka mingi bila ya kumfikiria askari yeyote. Morrell ameeleza kwamba alilipata jina hilo kwa kuunganisha jina la mshairi Mfaransa Rimbaud na jina la aina ya tofaa alizoletewa na mkewe kutoka sokoni. Basi limetoka katika kikapu cha matunda, likapita vitani, likaishia katika mfuko wa kubebea sukari. Hiyo ndiyo safari ya jina lililoachwa na mwenyewe.

Usidhani, hata hivyo, kwamba sinema nzima ilinyamaza. Mwaka 1986 Oliver Stone, aliyepigana Vietnam yeye mwenyewe, alitoa filamu iitwayo Platoon, ambamo askari wanaogopa, wanakosea na wanatenda maovu. Ikapata tuzo ya Oscar ya filamu bora. Mwaka 1988 Die Hard ikamleta shujaa anayetembea juu ya vigae vya kioo kwa miguu mitupu, naye anatokwa damu na anaumia kama mimi na wewe. Na Cameron, aliyeshiriki kumwandika Rambo wa pili, akatoa mwaka 1991 filamu ya Terminator 2. Humo mashine iliyokuwa muuaji katika filamu ya kwanza inaamriwa na mtoto isiue mtu, nayo inatii. Ilikuwa filamu ya kishindo, ya gharama kubwa na mapato makubwa, na bado ilimwongezea shujaa wake dhamiri. Kwa hiyo kosa haliko katika kufanya filamu ya pili, wala katika wingi wa fedha. Msanii anapomwita tena shujaa wake anaweza kumkuza au kumpunguza, na gharama ni ile ile.

Nalo hili ndilo jambo ninalolishika juu ya Rambo wa mwaka 1985. Filamu ile ilimwongezea nguvu, ikamwongezea silaha, ikamwongezea umaarufu, na kwa kila kilichoongezwa ilimtoza kitu. Ilimtoza hofu, na bila ya hofu hapana ujasiri. Ilimtoza maumivu, na bila ya maumivu hapana subira. Ilimtoza kilio, na kilio ndicho kilichotufanya tumtake aishi. Watazamaji walimwokoa kutoka kaburini kwa kumhurumia. Alipotoka, akawa mtu asiyehitaji huruma ya yeyote.

Wewe msomaji u kijana, na katika maisha yako utatazama filamu nyingi kuliko walivyotazama wazee wako. Furahi uzitazamapo, hakuna aliyeumbwa aogope kufurahi. Lakini shujaa anaporudi mara ya pili, muulize maswali machache. Je, jeraha lake liko wapi sasa, na ni nani aliyelifuta? Anaowaua wana majina? Vita anavyovishinda leo, je, vilishindwa kweli, au vinashindwa ndani ya ukumbi tu? Na taa zikiwashwa, ni nani aliyepata faida kwa sababu wewe umesahau? Filamu njema itayastahimili maswali hayo, na utaipenda zaidi. Isiyoweza kuyastahimili itakupa furaha yake ya saa moja na nusu, nawe utatoka ukijua kwamba ilikuwa ya saa moja na nusu tu.